Vifundo vya Vidole vya Shangazi

Shangazi yangu wa Kinango alikuwa na uso wa rangi ya embe bivu, ila vifundo vya vidole vilibaki vyeusi. Watoto tulimcheka. Nilipofika fomu tatu nikajiona nimeelimika: nikamkalisha chini ya mwembe, nikamhubiria juu ya mkorogo. Sumu, figo, utumwa wa akili, yote. Alinisikiliza mpaka mwisho, akachukua ndoo yake, akaenda zake. Miezi kadhaa hatukusemezana.

Kosa langu nimekuja kulielewa kupitia filamu fupi, *Yellow Fever* ya 2012. Aliyeitengeneza ni Ng'endo Mukii, Mkenya aliyesomea Rhode Island School of Design kule Marekani, kisha Royal College of Art, London. Hiyo ndiyo filamu aliyohitimu nayo, na mwaka 2013 ikashinda tuzo ya Silver Hugo kwenye tamasha la Chicago.

Jina hilo pia ni la wimbo wa Fela Kuti wa 1976. Lakini Fela aliwakemea wanawake wanaojichubua. Mukii anaanza na msusi anayemkumbuka toka utotoni, mwenye mikono kama ya shangazi, kisha anamsikiliza mamake na mpwa wake mdogo. Mtoto anasema wazi kwamba angependa kuwa mweupe. Hakuna anayemsuta.

Kwa nini hilo ni jambo kubwa? Kwa sababu sinema huku kwetu ilizoeshwa kuhubiri mapema. Kati ya 1935 na 1937, Waingereza wawili, Leslie Notcutt na Geoffrey Latham, waliongoza mradi wa Bantu Educational Kinema Experiment wakiwa Vugiri, Usambara. Walitoa filamu 35, zikazungushwa kwa lori Tanganyika, Kenya, Uganda na kwingineko, eti Mwafrika afundishwe kilimo, usafi na kuweka akiba. Mradi ulijiita jaribio, lakini majibu yalishaandikwa.

Jaribio la Mukii ni jingine. Anachanganya michoro, dansi na watu halisi waliopigwa picha mojamoja mpaka wakatembea. Ameeleza hadharani kwamba kamera za wageni zilimfanya Mwafrika kama mnyama aliyekaushwa na kujazwa pamba makumbushoni: ngozi ipo, uhai hamna. Kwake, uhuishaji ni namna ya kurudisha pumzi. Bado anaendelea: mwaka 2023 filamu yake *Enkai* ilitoka ndani ya *Kizazi Moto*, Disney+.

Likizo iliyopita nilimwekea shangazi *Yellow Fever* kwenye simu. Sikusema neno. Ilipoisha akauliza, "Na huyo mtoto, alijibiwa nini?"

"Sijui, shangazi. Wewe ungemjibu nini?"

Akavitazama vidole vyake. "Mwanangu, mimi nilianza mwaka niliochumbiwa," akasema, na kwa mara ya kwanza nikanyamaza nikamsikiliza.