Makmende

Makmende ni mhusika mkuu wa filamu fupi ambayo kundi la Just a Band la Nairobi liliitoa Machi 2010 kuandamana na wimbo wao “Ha-He”, wa albamu yao iitwayo 82. Aliigizwa na Kevin Maina.

Jina lenyewe lilikuwako mtaani zamani. Miaka ya 1990, mtoto aliyeruka ukuta kama komando au kuwavaa wakubwa peke yake aliambiwa na wenzake kwamba anajifanya Makmende. Ni maneno ya Clint Eastwood katika Sudden Impact (1983), “make my day”, jinsi yalivyoingia masikioni mwa watoto waliokuwa bado hawajui Kiingereza. Katika mitaa ya Eastlands, Nairobi, kama Dandora, Kayole na Mathare, sinema za namna hiyo zilitazamwa kwenye vibanda vya video: chumba cha mabati chenye giza, mabenchi yaliyobanana, televisheni moja, kiingilio shilingi chache. Msimulizi kama DJ Afro alipojitokeza na kuzungumza juu ya sauti ya filamu, majambazi wa Hong Kong walianza kutukanana kama makanga wa matatu. Mtazamaji alitoka pale akiwa na sinema iliyohamia mtaani kwake.

Filamu ya Just a Band ilijengwa juu ya kumbukumbu hiyo. Makmende ana afro na kitambaa kipajini, na mtindo mzima ni wa sinema za Wamarekani weusi za miaka ya 1970, ila barabara na kuta ni za Nairobi. Shujaa ambaye watoto walimwigiza bila kumwona sasa ana uso.

Lililofuata ndilo linaloipa kazi hii uzito wake. Wakenya walimtengenezea majalada ya magazeti na noti zenye sura yake, wakamsimulia mtandaoni kama mtu aliye hai. Makala yake ya Wikipedia ilifutwa zaidi ya mara moja kabla ya kukubaliwa. Watazamaji ndio waliomtoa kwenye filamu.

Wawili wa kundi hilo waliendelea kuchezea mpaka kati ya kinachobuniwa na kilicho hai. Katika Homecoming (2013), filamu fupi ya Jim Chuchu, kijana anayemchungulia jirani yake wa kike anazua visa ambavyo yeye ndiye mwokozi, na picha inavionyesha kana kwamba vimetokea. Mbithi Masya alitoa Kati Kati mwaka 2016, kuhusu mwanamke anayezinduka nyikani bila kujua kwamba amekufa.