Mikono Bila Msimulizi: Filamu za Flora M'mbugu-Schelling kama Chanzo cha Historia ya Kazi

Historia ya filamu nchini Tanzania imeandikwa kwa kiasi kikubwa kwa kufuata taasisi za dola, hasa Kampuni ya Filamu Tanzania iliyoundwa mwaka 1968. Katika filamu za mafunzo na hamasa, sauti ya msimulizi ndiyo iliyomweleza mtazamaji maana ya picha. Sehemu hii inamchunguza mwongozaji wa kujitegemea, Flora M'mbugu-Schelling, na kudai kwamba uamuzi wake wa kumwondoa msimulizi ulikuwa pia uamuzi wa kihistoria: ulibadili nani ahesabiwe kuwa shahidi.

Filamu yake Kumekucha (1987) iliwaweka mbele wanawake wa Tanzania na kazi zao. Miaka mitano baadaye, These Hands (1992), yaani "Mikono Hii", yenye dakika 45 hivi, iliingia katika machimbo ya kokoto nje ya Dar es Salaam. Humo wanawake wakimbizi kutoka Msumbiji wanaponda mawe kwa nyundo, watoto wakiwa kando yao. Mazungumzo ni machache mno; husikika mgongano wa nyundo na jiwe, kisha nyimbo. Kwa kuwa hakuna anayemfasiria, mtazamaji hana budi kukaa na kazi yenyewe.

Mnamo Oktoba 1992, mkataba wa Roma ulihitimisha vita vya Msumbiji vilivyoanza mwaka 1977. Mkataba ulitiwa saini na walioshika silaha. Filamu ilihifadhi waliokimbia, tena kama wafanyakazi, si kama wapokea misaada.

Hoja hii ina uzito wa pekee kwa mtafiti aliyeko Kakese, wilayani Mpanda. Katika mkoa huu wa Katavi, makazi ya Katumba na Mishamo yalifunguliwa miaka ya 1970 kwa ajili ya wakimbizi waliotoka Burundi baada ya mauaji ya 1972. Idadi ya watu na ukubwa wa mashamba huandikwa kwa urahisi; jasho la waliofyeka pori halina jalada lake.

Hata hivyo, ukimya una gharama. Nyuso na mikono imebaki, lakini maelezo marefu ya wanawake wenyewe hayapo. Kwa hiyo filamu hii isomwe bega kwa bega na masimulizi ya mdomo, na masimulizi hayo yakusanywe sasa, wakati waliofyeka pori la Katumba wangali hai kuyatoa.