Watu wa Bunkeya walitoka wapi?

Hapa Kampemba tunakaa pamoja na watu wa makabila mengi, na swali moja linarudi kila mara, hata mbele ya mlango wa kanisa watu wakitoka Misa: nani mwenyeji, nani mgeni? Sisi tunapoulizwa hivyo, tunapenda kuwapeleka wasomaji wetu kwenye kijiji kimoja kidogo, ambacho jina lake lilikwisha kufika Ulaya wakati Lubumbashi ilikuwa bado pori tupu. Kijiji hicho ni Bunkeya.

Bunkeya iko ng'ambo ya Likasi, katika mbuga pana ya Lufira, inchi ya majani marefu. Tangu mwaka 2015 inahesabiwa katika jimbo la Lualaba. Msafiri anayefika leo anaona kijiji kama vijiji vingine. Lakini zamani palikuwa mji wa mfalme, nao haukuwa mji mmoja, bali vijiji vingi vilivyotapakaa mbugani.

Mfalme huyo, Msiri, hakuzaliwa Katanga. Alikuwa Musumbwa wa Unyamwezi, katika inchi inayoitwa leo Tanzania, na jina lake la kwanza ni Ngelengwa. Baba yake Kalasa alikuja kununua shaba, akafanya urafiki na wakubwa wa inchi. Mtoto akaja nyuma yake katikati ya karne ya 19, pamoja na wenzake wachache wenye bunduki. Waliitwa Bayeke, maana yake wawindaji wa tembo. Mwanzo walikuwa wageni wa Basanga. Baadaye wakawa mabwana wao.

Basi, nani alijaza Bunkeya? Bayeke wenyewe walikuwa wachache. Waliobaki walikuwa Basanga, Balamba, Baluba, Balunda, Babemba: wengine walikuja kwa kupenda, wengine kwa kuolewa, na wengi, lazima tuseme, kwa kamba shingoni. Msiri alioa wanawake wa makabila mengi, na mmoja wao, Maria da Fonseca, alitoka Angola, mwenye damu ya Kireno. Wafanya biashara walifika kutoka Bihe upande wa magharibi na kutoka pwani ya mashariki, wakitafuta shaba, chumvi, pembe na watumwa. Bayeke wanakumbukwa kwamba walileta viazi vitamu na ufundi wa kuvuta shaba iwe nyuzi, tena dawa ya kuchanja ndui. Sifa hizo ni za haki. Lakini anayezitaja na kunyamaza juu ya watumwa, huyo hatoi historia, anatoa sifa tu. Mprotestanti Arnot, aliyefika Februari 1886, aliyaona yote mawili.

Mwaka 1891 mambo yaliharibika upesi. Basanga walikuwa wamekwisha kuasi, na njaa iliingia. Mnamo Desemba akafika kapiteni Stairs, ametumwa kwa ajili ya Leopold II, pamoja na watu wengi wa Unguja na pwani. Msiri alikataa kutii. Tarehe 20 Desemba kapiteni Bodson akamwua kwa bunduki, naye Bodson akapigwa risasi palepale, akafa. Mji ukatawanyika. Waliofungwa kwa nguvu walirudi kwao. Mtoto wa Msiri, Mukanda Bantu, akahamia Litupisha, karibu na posti ya Leta ya Lofoi. Mbuga ikabaki na majani yake. Ni baada ya kifo cha Mukanda Bantu, mwaka 1910, kwamba Bayeke walirudi Bunkeya, nayo ikawa kijiji tunachokijua.

Na waliorudi walikuwa na lugha gani? Wengi walisema Kisanga, lugha ya mama zao. Kiyeke kilibaki kwa wachache.

Sasa tutazame jambo lenye uzito. Mwaka 1958 chama cha Conakat kilianzishwa mjini kwetu kutetea wenyeji wa Katanga mbele ya wageni, hasa watu wa Kasai. Mkubwa wake wa kwanza alikuwa Godefroid Munongo, mjukuu wa Msiri, mtoto wa ukoo uliotoka Unyamwezi. Hatusemi hayo kwa kumcheka: Bayeke walikuwa wamekwisha kuwa watu wa Katanga kweli. Lakini iliwatosha miaka mia hivi. Mwaka 1992 na 1993 watu wa asili ya Kasai walifukuzwa Likasi na Kolwezi, wakalala kwenye stesheni wakingoja treni, na wengi wao walizaliwa hapa, hata wazazi wao.

Kila tarehe 20 Desemba Bayeke wanakusanyika Bunkeya kumkumbuka Msiri. Mzee mmoja wa parokia yetu anapenda kwenda. Siku moja tulimwuliza mama yake alikuwa wa kabila gani.

«Mubemba, Mompere.»

Na nkambo wake, mama ya baba?

Akafikiri kidogo. «Yule,» akasema, «walimleta.»