Mifupa ya Kilwa na Siri ya Nasaba

Watu wa pwani ya Kilwa na Lindi tangu kale huitunza nasaba kama akiba ya nyumba: hutajwa penye ndoa na penye mirathi, wala haitolewi kwa kila mpita njia. Habari za kale za Kilwa, alizozitumia João de Barros katika historia yake ya mwaka wa 1552, zasema kwamba wafalme wa mji walitoka Uajemi. Wataalamu wengi wa karne ya 20 waliziona kuwa ni majivuno ya wenye vyeo.

Mwezi wa Machi, 2023, jarida la Nature lilitoa uchunguzi wa vinasaba vya watu 80 wa kale. Miongoni mwa makaburi yalikuwamo ya Kilwa, Songo Mnara na Lindi. Ilionekana kwamba yapata mwaka wa 1000 damu ya Uajemi ilianza kuchanganyika na ya Afrika, ile hasa kwa njia ya wanaume, hii hasa kwa njia ya wanawake. Wazee basi hawakusema uongo mtupu. Walihesabu baba, wakawanyamazia mama.

Lakini nani aliulizwa? Mafundisho ya Kiislamu huufananisha uvunjaji wa mfupa wa maiti na wa aliye hai. Chapurukha Kusimba, Mkenya, mmoja wa viongozi wa uchunguzi huo, alishauriana na wenyeji wa pwani ya Kenya kabla ya kuchimba, na mifupa ikazikwa tena. Adabu hiyo yastahili sifa, ila yalitosheleza kaburi tu. Siri ni jambo jingine. Sheria ya Tanzania ya vinasaba vya binadamu ya mwaka wa 2009, na ile ya ulinzi wa taarifa binafsi ya mwaka wa 2022, zamtazama hasa mtu awezaye kuulizwa akakubali au akakataa. Maiti wa Songo Mnara haulizwi, na alichokibeba si chake peke yake: ni cha ukoo. Matokeo ya vipimo yamewekwa wazi kwa wachunguzi wa dunia nzima, na mvuvi wa Lindi asiyetoa hata tone la mate aweza kuambiwa na mgeni kwamba Ushirazi wa babu yake ni kweli, au si kweli. Wanasheria wangefanya vema kuuhesabu ukoo kuwa mwenye haki, pamoja na haki ya kutotaka kuambiwa.

Kuta za Kilwa Kisiwani zina sheria ya mambo ya kale tangu mwaka wa 1964, na tangu 1981 zimo katika urithi wa dunia. Mtu haondoi jiwe pale bila ya ruhusa.