Siti binti Saad na Fungu la Bara katika Taarabu

Kwetu Bugwema, katika mkoa wa Mara, sauti ya furaha ni ya ngoma na litungu. Taarabu huhesabiwa mgeni: ni mali ya pwani, husemwa, na mtu wa bara hana fungu katika mali hiyo. Neno hili nimelisikia hata katika vyumba vya masomo. Nia ya insha hii ni kulipinga kwa maisha ya mtu mmoja, Siti binti Saad wa Unguja, mwimbaji aliyevuma kuliko wenzake wote wa zama zake.

Alizaliwa Fumba karibu na mwaka 1880. Baba yake alikuwa Mnyamwezi na mama yake Mzigua. Asili yao ilikuwa bara, na wote wawili walionja utumwa. Jina alilopewa mtoto lilikuwa Mtumwa. Sheria ya kukomesha utumwa ilitangazwa Unguja mwaka 1897, lakini sheria hukata mnyororo wa mguuni upesi kuliko ule uliomo katika ndimi za watu. Binti huyu hakupata elimu ya kusoma na kuandika. Kazi yake ilikuwa kutembeza vyungu na kuvinadi. Na sauti iliyonadi vyungu ndiyo iliyokuja kumnunulia heshima.

Mwaka 1911 alihamia mjini, akakaa Ng'ambo, makao ya wanyonge. Huko alifundishwa uimbaji na mwanamuziki wa Nadi Ikhwan Safaa, chama cha taarabu kilichoanzishwa mwaka 1905. Tangu enzi ya Sultani Barghash, aliyetawala 1870 hadi 1888, taarabu ilikuwa burudani ya kasri, nayo iliimbwa zaidi kwa Kiarabu. Siti alijifunza kuimba kwa Kiarabu, kisha akaivika taarabu Kiswahili, akaiimba kwa mabwana na kwa wachukuzi vilevile. Wenzake walikuwa Subeti Ambari, Maalim Shaaban, Buda Swedi na Mbaruk Talsam.

Mahasidi hawakunyamaza. Walimtungia wimbo wa kumkumbusha kwamba aliingia mjini na kaniki, vazi la watumwa, tena hana sura. Naye alijibu kwa wimbo, akasema kwamba uzuri wa sura si kitu mbele ya akili. Hakukana asili yake. Alikana kwamba asili ni kosa.

Mwaka 1928 alisafiri na wenzake hadi Bombay, wakatia nyimbo katika sahani za santuri za His Master's Voice. Sahani hizo zilivuka bahari zikaingia bara, na watu wakakusanyika mikahawani kuzisikiliza. Hivyo sauti ya binti wa Mnyamwezi ilirudi bara, kwenye asili ya baba yake.

Katika nyimbo hizo mwanahistoria hupata habari asizozipata katika majalada ya serikali. Wimbo wa Kijiti huhadithia mwanamke aliyeuawa: muuaji alitorokea bara, na wanawake waliokwenda kutoa ushahidi ndio waliotiwa hatiani. Hakimu aliandika hukumu yake akafunga daftari. Siti aliifungua tena mbele ya watu, wakahukumu wenyewe. Huo ulikuwa ujasiri mkubwa kwa mwanamke asiye na cheo, katika nchi iliyokuwa chini ya himaya ya Waingereza.

Mpinzani atasema kwamba ala na mahadhi ya taarabu vilitoka Misri. Ni kweli, wala sibishi. Lakini kama Misri ilileta chombo, Unyamwezi na Uzigua vilileta mtu aliyekijaza maneno ambayo kila mja aliyafahamu. Chombo kitupu hakimshibishi mtu.

Siti alifariki Julai 1950, naye Shaaban Robert akamwandikia wasifu. Fatuma binti Baraka, aliyejulikana kwa jina la Bi Kidude, aliziimba nyimbo zake mpaka uzeeni. Alifariki mwaka 2013. Wanawake wanahabari wa Tanzania nao waliliita jarida lao Sauti ya Siti.

Basi mwanafunzi wa Bugwema akiulizwa ana fungu gani katika taarabu, asiiname. Na ajibu kwamba mwimbaji wake mkuu wa kwanza alikuwa mtoto wa watu wenye asili ya bara, na kwamba aliwalipa wenyeji kwa wimbo.