Malungu ya Ufipa: Ufundi wa Kuyeyusha Chuma na Maana Yake katika Utamaduni wa Wafipa

Insha hii inajadili ufundi wa kuyeyusha chuma miongoni mwa Wafipa wa nyanda za juu za Ufipa, mkoani Rukwa. Hoja yake kuu ni kwamba ufundi huo ulipokoma, jamii ilipoteza pia namna mojawapo ya kueleza ndoa na uzazi.

Wafipa waliyeyusha mawe ya chuma katika matanuru yaitwayo malungu (umoja: ilungu), yaliyojengwa kwa udongo wa vichuguu hadi kimo cha karibu mita 3. Ilungu halikuhitaji mivukuto. Hewa iliingia yenyewe kupitia matundu yaliyozunguka kitako chake. Chuma kilichopatikana kilikuwa bado na takataka, hivyo kilisafishwa katika tanuru dogo, kintengwe, kwa kuvukutwa. Hatimaye mhunzi alikifua kuwa jembe au shoka. Jembe lilitumika kuinua matuta ya ntumba, tena lilitolewa mahari.

Kila hatua ilibeba maana. Tanuru jipya lilipambwa kama biharusi, na chuma kilichotoka kilifananishwa na mtoto. Kwa sababu hiyo wayeyushaji walijitenga na wake zao muda wote wa kazi, na fundi mkuu alitunza kikapu cha dawa za kulikinga tanuru.

Majembe ya viwandani kutoka Ulaya yaliuzwa kwa bei nafuu, na kufikia miaka ya 1930 malungu yalikuwa yameacha kuwashwa kwa kazi ya kawaida. Baadaye wazee walirudia kazi hiyo kwa ajili ya watafiti. Uchunguzi wa mwanaakiolojia Bertram Mapunda huko Nkansi ulibainisha pia teknolojia nyingine, katukutu. Kwa hiyo uyeyushaji wa eneo hilo haukuwa wa namna moja tu.

Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 huyalinda moja kwa moja majengo ya kabla ya 1863. Ya baadaye husubiri kutangazwa na Waziri. Malungu ya mwisho, yaliyo rahisi zaidi kuhusishwa na kumbukumbu za familia, yamo katika kundi hilo la pili. Mvua na jembe la mkulima havisubiri tangazo. Hivyo, insha inapendekeza malungu yaorodheshwe kijiji kwa kijiji, pamoja na istilahi na miiko yake kwa Kifipa, kwani tanuru lisilo na maelezo hubaki kichuguu tu machoni pa mpita njia.