Unanisikia? Ova. Historia ya maiki, kuanzia Benaco hadi kwenye gemu

Nilikuwa kimya kidogo, majaribio yalitukaba koo. Leo nawaletea historia, ila sio ile ya mikataba ya Wajerumani tunayokariri kila semista. Hii ni ya maiki.

Mnajua hali ya hosteli yetu. Ikifika saa nne usiku ni PUBG na Call of Duty za kwenye simu, na kila usiku kuna mtu anapiga kelele "oya, mnanisikia?" Wenzake hawamsikii. Yeye ndiye aliyemuona adui dirishani, sauti haitoki, kikosi kizima kinalala. Basi kwa kuwa mimi natokea Ngara, na niliwahi kuwasimulia habari za baba mdogo, siku hizi kila hedifoni inayokufa inaletwa chumbani kwangu. Nimechoka kueleza mmoja mmoja, nikaona bora niandike yote mara moja pamoja na chanzo chake.

Baba mdogo alikuwa opereta wa redio ya upepo kwenye shirika moja la misaada pale Benaco kuanzia 1994. Wengi wenu mlikuwa hamjazaliwa, hata mimi. Mauaji ya kimbari ya Rwanda yalianza Aprili 7 mwaka huo. Tarehe 28 na 29 Aprili, ndani ya saa 24 hivi, watu wapatao 250,000 walivuka daraja la Rusumo kuingia wilaya ya Ngara. UNHCR wenyewe walisema hawajawahi kuona watu wengi hivyo wakikimbia kwa kasi hiyo. Wakapiga kambi Benaco, baadaye zikaja Lumasi, Musuhura, Lukole na nyingine. Kabla yao walishaingia Warundi waliokimbia baada ya Rais Ndadaye kuuawa Oktoba 1993. Wageni wakawa wengi kuliko wenyeji wa wilaya nzima.

Sasa fikiria unawalisha watu hao. Malori ya chakula yanapita Biharamulo, yanaingia Lusahunga, kisha ule msitu mrefu ambao hata miaka mingi baadaye mabasi yalipita kwa kusindikizwa na polisi kwa sababu ya majambazi. Simu ya mkononi hakuna. Simu ya setilaiti ipo kwa wakubwa, na bei yake acha tu. Kazi yote ya kila siku ilikwenda kwa redio ya upepo: lori limekwama wapi, mama gani apelekwe hospitali, maji yamekatika mtaa gani wa kambi.

Zilikuwa za namna mbili. Kulikuwa na VHF, zile za mkononi na za kwenye gari, ambazo mawimbi yake yanakwenda moja kwa moja kama macho yanavyoona. Kwa milima ya Ngara ukishuka bondeni umepotea, ndiyo maana walifunga mtambo wa kurudishia sauti juu ya kilima. Halafu HF, yenye antena ndefu kama kamba ya kuanikia nguo, ambayo mawimbi yake yanagonga tabaka la juu angani na kurudi chini, mamia ya kilomita. Hii ina tabia zake. Mchana unatumia masafa ya juu, usiku unashuka ya chini, kwa sababu anga lenyewe linabadilika jua likizama. Opereta mgeni anaweza kufungua redio nzima kwa bisibisi, kumbe tatizo ni kwamba jua limezama na yeye bado yuko kwenye masafa ya mchana.

Baba mdogo anasema kitu kilichomuogopesha kuliko vyote hakikuwa redio kufa. Ni kitufe kunasa. Redio hizi anaongea mmoja tu kwa wakati. Unabonyeza, unasema, unasema "ova", unaachia, ndipo mwenzako ajibu. Dereva akiikalia maiki yake kwenye kiti bila kujua, kitufe kinabaki kimebonyezwa na chaneli nzima inajaa mlio wa injini yake. Kambi yote inasikia gia zikibadilishwa. Mkunga anayeomba gari la wagonjwa hawezi kuingia. Na huwezi hata kumwambia yule dereva aachie, maana wakati anarusha hasikii! Siku moja jioni ilichukua karibu saa nzima mpaka gari lilipopatikana barabarani, na mama aliyekuwa anasubiriwa akabebwa kwa machela ya miti. Alifika, alijifungua salama. Baba mdogo akisimulia hapo huwa ananyamaza kidogo.

Kwa hiyo wale mnaoacha maiki wazi huku feni inavuma na mtu anakaanga chipsi nyuma yenu, mmeelewa kwa nini namkasirikia mtu wa namna hiyo kuliko anavyostahili. Kwenye gemu weka maiki ya kubonyeza ndipo uongee. Kile kitufe ni kilekile cha Benaco.

Utaratibu wake wa kutafuta kosa ndio ninaoutumia hadi leo. Anaanza karibu na mdomo, anaenda mbali taratibu: maiki, kitufe, waya, plagi, redio, antena, mwisho anga. Hagusi cha mbele kabla hajamaliza cha nyuma. Vijana wetu wanafanya kinyume, kitu cha kwanza wanailaumu seva au kampuni ya simu, wanafuta gemu na kulipakua upya, giga mbili za bando zimeondoka, kumbe plagi haijaingia mpaka mwisho kwa sababu ya kava la simu.

Tuanze na plagi basi, maana yenyewe ina historia ndefu kuliko vyuo vyetu. Umbo lake lilitoka kwenye mitambo ya kuunganishia simu ya miaka ya 1870 na 1880, ile ambayo dada anakaa mbele ya ubao wa matundu na kuchomeka waya kuunganisha watu. Ile nene ya milimita 6.35 bado iko kwenye magitaa. Nyembamba ya milimita 3.5 ilienea na redio ndogo za transista. Angalia ya kwako: vimistari vyeusi viwili maana yake ni masikio tu, maiki hakuna, hata upige kelele vipi. Vitatu, maiki ipo. Lakini hata hapo kuna viwango viwili. Kimoja kinaweka maiki kwenye kipande cha mwisho karibu na waya, kingine kinapaweka hapo waya wa ardhi na maiki inapanda pete moja juu. Ukichanganya kifaa cha kiwango kimoja na simu ya kiwango kingine, maiki haifanyi kazi na muziki unasikika kama unatoka ndani ya pipa, sauti ya muimbaji imepotea kabisa. Sio mbovu hiyo. Waya wa ardhi haujagusa panapotakiwa, na unachosikia ni tofauti tu ya sikio la kushoto na la kulia. Sauti ya muimbaji iko sawa pande zote mbili, kwa hiyo inajifuta. Tafuta adapta ya kugeuza, imekwisha hiyo. Na kwa wenye kompyuta za mezani zenye matundu mawili, la pinki ni la maiki na la kijani ni la masikio, mnahitaji ule waya wa kugawa.

Hedifoni za bluetooth ni kesi nyingine. Mtu analalamika kwamba akisikiliza muziki ni safi, akiingia kwenye gemu sauti inakuwa kama ya simu ya zamani. Ni kweli ni ya simu! Bluetooth ya kawaida ina njia moja ya muziki, inayokwenda upande mmoja tu, na njia nyingine ya maongezi ya pande mbili ambayo ni nyembamba. Maiki ikifunguliwa tu, inahamia kwenye ile nyembamba. Dawa ni kutumia maiki ya simu yenyewe na kuacha bluetooth ibaki masikio, kama gemu lako linaruhusu, au urudi kwenye waya kama binadamu wa kawaida.

Kabla ya kulaumu mtandao, jirekodi kwa kinasa sauti cha simu. Ukijisikia vizuri, maiki na plagi zimepona, nenda kwenye ruhusa ya maiki ndani ya mipangilio. Ikiwa nayo imeruhusiwa ndipo tunafika kwenye anga la baba mdogo, yaani intaneti.

Na hapo historia inarudi nyumbani kwa njia ya ajabu. Wamarekani walirusha sauti kwa vipande kwenye mtandao wao wa ARPANET mwaka 1974. Wachezaji wakaanza kuongea kwa wingi mwanzoni mwa miaka ya 2000, na TeamSpeak na Ventrilo, na Xbox Live ya Novemba 2002 ilikuja na hedifoni yake ndani ya boksi. Sisi wakati huo intaneti yetu ilikuwa ya setilaiti, iliyo juu karibu kilomita 36,000, swali na jibu lake vinachukua nusu sekunde njiani tu. Unauliza, kimya, unauliza tena, mnagongana. Kebo ya SEACOM ilifika Dar Julai 2009, kisha Mkongo wa Taifa ukatandazwa mikoani. Moja ya sehemu unapovuka kwenda Rwanda ni Rusumo, na kwenda Burundi ni Kabanga, zote Ngara. Barabara ileile waliyopita watu robo milioni kwa miguu, sasa inapita sauti ya mtu wa Kigali akimtukana mtu wa Mwanza kwa kumuibia risasi.

Sauti pale mpakani haijawahi kuwa mchezo. Mwaka 1994 kule ng'ambo RTLM ilitumia redio kuchochea mauaji. Mwaka huohuo BBC ikaanzisha kipindi cha Gahuza Miryango kwa Kinyarwanda na Kirundi, cha kuwatafutia watu ndugu zao waliopotea. Mwaka 1995 Jesuit Refugee Service wakaanzisha Radio Kwizera palepale Ngara, jina lake maana yake tumaini. Sisi Wahangaza tulikuwa tunaelewa Kirundi chake bila mkalimani. Nyumbani wanasema mtu akitajwa jina redioni, kambi nzima ilinyamaza ili jina lisikike vizuri, na mwenye redio alikuwa anapandisha juu ya mti.

Lukole, kambi ya mwisho, ilifungwa 2008. Baba mdogo alibaki na maiki moja ya mkononi, waya wake wa kujiviringa umelegea, iko kabatini na dawa za ng'ombe. Likizo nitampigia picha niwaonyeshe.

Haya, naingia kipindi cha saa nane. Yule aliyeazima waya wangu wa kugawa tangu Jumatano, ghorofa ya pili, najua ni wewe.